Fordsburg, mtaa wa wenye vipande mfukoni

Hotuba iliyotolewa Siku ya Urithi, 24 Septemba, mbele ya wazungumzaji wa Kiswahili waishio Johannesburg

Wazee wangu, shikamooni. Kaka na dada zangu wa Kongo, Kenya, Burundi na kwetu Tanzania, pamoja na nyinyi wenyeji mliotufungulia ukumbi huu, nawasalimu nyote.

Waandaaji waliniambia hivi: leo kila jamii ya Afrika Kusini inavaa nguo zake, inapika chakula chake na kusimulia ya kwao, je, sisi tusimulie nini? Ningeweza kuzungumzia mashairi ya pwani, au ngoma, au pilau. Nimeona nizungumzie mahali tulipokaa sasa hivi. Wengi wetu huja Fordsburg kila wiki. Tunanunua viungo na vitambaa, tunaswali, tunakula, tunatuma pesa nyumbani, kisha tunarudi Yeoville au Mayfair tukidhani tumepita kwenye mtaa wa watu wengine. Leo nataka tutazame chini, tujue tumekanyaga nini.

Nimekuja na vitu viwili mfukoni. Cha kwanza ni jiwe hili. Naomba lizungushwe, kila mtu alishike. Angalieni: kokoto nyeupe za mviringo zimegandamana ndani ya mwamba wa kijivu. Aliyekula kashata za karanga atalitambua. Karanga ni hizo kokoto, na sukari iliyoganda ni huo mwamba unaozishika. Wazungu wa Kidachi waliolikuta jiwe hili walikumbuka kitafunio chao cha lozi kinachoitwa banket, wakalipa jina hilo, na wahandisi wanalitumia hadi leo. Dhahabu haimo ndani ya kokoto. Imo kwenye ile sukari, kwa chembe ndogo ambazo jicho halizioni. Watu wa Chunya na Geita waliomo humu wanajua kuosha mchanga kwenye karai mpaka dhahabu ibaki chini. Hapa msaada wa karai haukudumu. Mwamba huu lazima ulipuliwe kwa baruti, upandishwe juu, usagwe uwe unga, ndipo dhahabu ikamatwe.

Naomba tukae kidogo kwenye jambo hili, kwa sababu mengine yote nitakayosema yanatoka hapo. Kila tani ya mwamba ina dhahabu kidogo sana, lakini mwamba wenyewe ni mrefu ajabu, unatambaa mashariki hadi magharibi na kuteremka kusini, kina juu ya kina. Ukitaka faida lazima uchimbe mwingi kwa gharama ndogo. Bei ya dhahabu ilikuwa imepangwa duniani, na mwenye mgodi hakuweza kuipandisha hata senti moja. Baruti ilikuwa na bei yake, na mashine vilevile. Kitu pekee alichoweza kukibana ni ujira wa mtu anayeshuka chini. Ndiyo maana katika mji huu mapigano makubwa ya miaka mia moja yamekuwa juu ya mambo mawili tu: nani ashuke kwa ujira gani, na nani aruhusiwe kubaki juu ya ardhi baada ya kazi.

Dhahabu iligunduliwa mwaka 1886 katika shamba la Langlaagte, magharibi kidogo ya hapa tulipo. Anayetajwa ni George Harrison, mtafuta dhahabu aliyeuza haki yake kwa pauni 10 na kutoweka. Septemba ya mwaka huohuo serikali ya Paul Kruger, rais wa jamhuri ya Makaburu ya Transvaal, ilitangaza machimbo kuwa wazi, na ilipofika Oktoba mji ulikuwa umeanza kupimwa. Mahema ya kwanza yalisimama kwenye kambi ya Ferreira, ambayo leo ni Ferreirasdorp. Ukitoka ukumbini hapa kwa miguu utafika kabla jasho halijakutoka. Mwanasheria aitwaye Lewis Peter Ford, pamoja na mshirika wake Julius Jeppe, walianzisha kampuni ya ardhi. Jeppe alipewa heshima ya jina upande wa mashariki, Jeppestown. Ford akapata upande huu wa magharibi. Viwanja vya hapa havikukusudiwa matajiri. Mabwana wa migodi walijenga Parktown, kaskazini juu ya kilima, ambako vumbi la migodi halikuwafikia sana. Fordsburg ilikuwa ya mafundi, wachimbaji kutoka Cornwall huko Uingereza, Makaburu waliopoteza mashamba, wenye maduka madogo, na vyumba vya kupanga. Kusini kulikuwa na migodi, mashariki soko la mji, kaskazini reli. Mtu aliweza kutembea kwenda kazini kabla jua halijachomoza.

Miaka minne baadaye mtaa ulikaribia kufa. Kadiri walivyochimba chini ndivyo mwamba ulivyobadilika, na zebaki iliyokuwa ikinasa dhahabu ikashindwa kuinasa. Watu wengi walifungasha. Mwaka 1890 ilikuja njia ya kuyeyusha dhahabu kwa sianidi, na mji ukafufuka. Ile milima ya mchanga wa njano mnayoiona mkielekea kusini ni mabaki ya kazi hiyo. Wachimbaji wetu nyumbani wanayaita marudio. Upepo wa mwezi huu, kabla mvua hazijaanza, bado unatuletea vumbi lake mezani.

Sasa sikilizeni habari ya baruti, kwa kuwa hatutembei mbali nayo. Februari 1896 treni iliyobeba tani nyingi za baruti iliachwa siku kadhaa juani kwenye kituo cha mizigo cha Braamfontein, hapa kaskazini yetu. Baruti ikiachwa kwenye joto inavuja jasho lake na kuwa hatari. Tarehe 19, kichwa cha treni kilikuja kusogeza mabehewa kikayagonga. Shimo lililobaki lilikuwa na urefu wa mita 60 hivi na kina cha mita 8. Watu zaidi ya 70 walikufa, na nyumba za maskini wa mitaa hii, za bati na udongo, zililala chini. Mimi nimefanya kazi ya forodha, nimeona mizigo ikisahaulika. Kila ninaposoma habari hii najiuliza ni nani aliyekuwa na karatasi ya treni ile mezani kwake kwa siku hizo zote.

Mashariki yetu, mahali panapoitwa Newtown, palikuwa na mtaa wa watengeneza matofali na jirani yake mtaa wa Wahindi. Wahindi hawakuruhusiwa kumiliki ardhi mjini, sheria ya 1885 iliwabana. Walirundikwa pamoja na Waafrika katika vibanda visivyo na maji wala mifereji. Machi 1904 tauni ya mapafu ilizuka. Baraza la mji liliwahamisha watu, likaita zimamoto, na mtaa mzima ukachomwa moto. Waafrika waliohamishwa walipelekwa Klipspruit, kilomita nyingi kusini magharibi, karibu na mashamba ya maji taka. Hao ndio watu wa kwanza wa eneo ambalo baadaye dunia ililijua kwa jina la Soweto. Kwa hiyo ukimsikia mtu anasema Soweto ilianza kwa sababu ya serikali ya ubaguzi ya makaburu iliyoingia 1948, mwambie arudi nyuma miaka 44, aje hapa karibu na Fordsburg, aangalie majivu.

Miaka minne baada ya moto huo, tarehe 16 Agosti 1908, watu walijaa mbele ya msikiti wa Hamidia. Serikali ya Transvaal ilikuwa imewalazimisha Wahindi na Wachina kuchukua vyeti vyenye alama za vidole na kuvionyesha kwa polisi yeyote atakayevitaka. Mwanasheria Mohandas Gandhi alikuwa akiongoza upinzani wao, na ofisi yake ilikuwa mjini hapa. Siku hiyo waliweka chungu kikubwa cha chuma chenye miguu mitatu, kile ambacho wenyeji wetu hupikia nyama na mboga, wakatia vyeti karibu 2,000, wakamwagia mafuta ya taa, wakawasha. Chungu cha namna hiyo mnakiona pale nje, mama zetu wanapikia leo. Naomba mtakapokwenda kupakua chakula mkikumbuke kile kingine.

Sasa nifike 1922, jambo ambalo Fordsburg inajulikana nalo kuliko yote.

Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia bei ya dhahabu ilishuka na migodi mingi ya hapa ikawa inachungulia hasara. Mkumbuke hesabu ile niliyoanza nayo. Chama cha wenye migodi kiliamua kuwaondoa wazungu 2,000 hivi kwenye kazi za ujuzi wa kati na kuwaweka Waafrika, kwa kuwa Mwafrika alilipwa sehemu ndogo tu ya ujira wa mzungu. Januari 1922 wachimbaji weupe wapatao 22,000 waligoma. Wengi waliishi kwenye mitaa kama huu. Waliunda vikosi, wakafanya gwaride barabarani, wakachimba mahandaki pembeni ya soko la Fordsburg. Na bango lao lilisema wafanyakazi wa dunia waungane kupigania Afrika Kusini ya wazungu. Nawaambia kama nilivyosoma, bila kupunguza. Ujasiri wao ulikuwa wa kweli, watoto wao walilala njaa kweli, na katika siku zilezile baadhi yao waliingia Ferreirasdorp na Vrededorp wakaua Waafrika ambao hawakuwa na uamuzi wowote katika jambo lile. Siwezi kuusimulia upande mmoja nikauacha mwingine.

Waziri Mkuu Jan Smuts alitangaza sheria ya kijeshi tarehe 10 Machi. Ndege za kivita zilitumwa juu ya miji ya dhahabu. Asubuhi ya Jumanne tarehe 14, ndege ziliangusha karatasi juu ya mtaa huu: wanawake, watoto na yeyote anayetaka kusalimika atoke kabla ya saa tano asubuhi. Fikirini mama wa hapa siku ile, ana mtoto mgongoni na sufuria mkononi, anasoma karatasi iliyotoka angani, hajui mume wake yuko handaki gani. Saa ilipotimia mizinga ilifunguliwa kuelekea majengo ya soko, na kabla jioni haijafika Fordsburg ilikuwa imeanguka. Viongozi wa wapiganaji, Percy Fisher na Harry Spendiff, walikutwa wamekufa ndani ya jengo la soko. Baadaye wanne walinyongwa. Lakini miaka miwili tu mbele, Smuts alishindwa kwenye uchaguzi, na serikali mpya ikawapa wachimbaji weupe walichokipigania: sheria ya 1926 iliyozuia kazi za ujuzi migodini kwa rangi ya ngozi. Walishindwa vita barabarani, wakaishinda bungeni. Bili ililipwa na mwingine.

Huyo mwingine alidai yake mwaka 1946. Tarehe 4 Agosti wajumbe wa wachimbaji Waafrika walikutana uwanja wa soko wa Newtown, hatua chache kutoka hapa, wakaazimia kugoma kudai shilingi 10 kwa siku. Tarehe 12 zaidi ya wachimbaji 70,000 waliacha kushuka. Polisi waliwarudisha kwa marungu na risasi ndani ya wiki moja, na si chini ya tisa waliuawa. Rais wa chama chao alikuwa J.B. Marks. Ndugu zangu Watanzania, jina hilo lishikeni. Mwaka 1969, wakati ANC, chama cha ukombozi cha nchi hii, walipofanya mkutano wao mkubwa Morogoro, mtu aliyekaa kiti cha mwenyekiti ni huyohuyo J.B. Marks. Kutoka uwanja wa soko hapa Johannesburg hadi chini ya Milima ya Uluguru.

Na hapo ndipo nakitoa kitu changu cha pili.

Hiki ni kipande, yaani karatasi ya utambulisho wa kibarua, cha babu yangu mzaa mama. Alikuwa Mnyakyusa wa Rungwe. Wazee wa Nyanda za Juu Kusini wakisema fulani alikwenda Wenela, kila mtu anaelewa. Ni jina la shirika la wenye migodi lililokusanya vibarua nje ya Afrika Kusini, kwa herufi zake WNLA, lililoundwa mwaka 1900. Mwaka 1913 serikali ilikataza kuleta watu kutoka nchi za joto la kaskazini, kwa sababu walikuwa wakifa kwa nimonia kwa wingi mno. Miaka ya 1930 mlango ukafunguliwa tena, na baadaye Wenela wakawa na ndege zao zilizoshusha vibarua Francistown, kisha treni mpaka hapa. Babu alipanda ndege kabla hajawahi kupanda baiskeli. Alisimulia jambo hilo maisha yake yote kwa sauti ileile.

Kipande chenyewe, mnavyoona, kimekunjwa mara nne na mikunjo imeshaanza kukatika. Kuna namba. Kuna jina la chifu. Jina la babu limeandikwa vibaya, herufi mbili zimepishana, na kwa miaka yote aliyokaa Crown Mines aliitwa kwa jina hilo la makosa. Crown Mines ulikuwa mmoja wa migodi mikubwa kabisa ya dhahabu, uko hapa kusini yetu, na mashimo yake yalizama kilomita tatu hivi chini. Alirudi na sanduku la bati, blanketi, na neno moja la Kifanakalo, lugha ya amri ya migodini. Tukichelewa kuchota maji alitupigia kelele "Tshetsha!", maana yake harakisha. Alirudi pia na kikohozi. Nyumbani tulikiita kikohozi cha Wenela, kama vile ni zawadi nyingine aliyokuja nayo sandukuni. Nilikuwa darasa la nne alipofariki. Nilipofika nchi hii na kusoma habari za vumbi la mwamba linaloganda kwenye mapafu, nilikaa kitandani nikalia, kwa kuwa niliwahi kumcheka babu alivyokuwa akishika ukuta akipanda ngazi mbili tu za nyumba yake.

Baada ya Uhuru, Mwalimu na serikali yake walikata mkataba wa Wenela. Watu wetu waliacha kuja kuchimbia makaburu dhahabu. Ulikuwa uamuzi wa heshima, na naujivunia.

Kuhusu zama za ubaguzi hapa Fordsburg nitasema machache, kwa sababu wapo humu ukumbini wenyeji walioyaona kwa macho na watazungumza baada yangu. Jirani zetu wa Pageview, mtaa ambao wenyewe wanauita Fietas, walikuwa na maduka yao Barabara ya 14. Watu walitoka pande zote za mji kuja kununua huko. Sheria ya maeneo ya makundi ya mwaka 1950 ikasema mtaa huo ni wa wazungu. Familia zilipelekwa Lenasia, mbali kusini, na wafanyabiashara wakajengewa Oriental Plaza hapa Fordsburg katika miaka ya 1970, maduka zaidi ya 300 chini ya kodi mpya. Tunaponunua vitenge na mapazia Plaza, tunanunua kwa watoto na wajukuu wa watu waliovunjiwa. Mzee mmoja mwenye duka aliniambia kwamba baba yake, hadi anafariki, aliamka alfajiri na kuanza kutembea kuelekea Barabara ya 14, wakamrudisha.

Sasa tazameni orodha hii ya watu. Mhindi na Mchina wa 1908 na cheti cha alama za vidole. Mwafrika wa mji huu na pasi yake, kitambulisho alicholazimishwa kutembea nacho. Babu yangu na kipande chake. Na sisi tuliomo humu: nani ana kibali cha kazi, nani ana karatasi ya ukimbizi inayotakiwa kuhuishwa kila baada ya miezi, nani amekaa foleni tangu saa kumi usiku akarudi bila kuhudumiwa. Mwaka 2008, watu zaidi ya 60 waliuawa nchini humu kwa kuambiwa si wa hapa, na baadhi yao walikuwa wenyeji kabisa. Fordsburg tangu siku yake ya kwanza imekaliwa na watu ambao ruhusa yao ya kuwepo imekunjwa mfukoni. Hao ndio walioujenga. Tukisimama hapa kusema tuna urithi wetu katika mji huu, hatuombi fadhila ya mtu.

Nimebakiza jambo moja. Mwaka 2019 Mahakama Kuu ya hapa Johannesburg iliidhinisha makubaliano ya kuwalipa fidia wachimbaji wenye ugonjwa wa vumbi la mapafu na kifua kikuu, na familia za waliokufa. Kampuni kubwa za dhahabu zilikubali. Ni jambo jema na limechukua miaka mingi ya mapambano. Lakini wanaohesabiwa ni waliofanya kazi migodini kuanzia tarehe 12 Machi 1965. Wazee wetu wa Tanganyika walikuwa wameshaondoka. Babu hayumo. Hatutapata fedha, na sikuwaita hapa kwa ajili ya fedha.

Kumbukumbu za Wenela, makaratasi ya shirika lile, zinatunzwa Chuo Kikuu cha Johannesburg, Auckland Park, ambako daladala hufika kwa dakika chache kutoka hapa. Nawaomba hivi. Pale mlangoni kuna daftari jipya. Ambaye babu yake, baba yake au mjomba wake alikuja kuchimba, awe wa Rungwe, wa Mbeya, wa Karonga, wa popote, aandike jina, kijiji, jina la chifu kama analijua, na mwaka hata wa kukisia. Kama nyumbani kuna kipande, sanduku, au picha ya kijana amevaa buti za mgodini, apige simu leo usiku aulize kabla mtu hajavitupa. Tukishapata majina ya kutosha tutaomba kwa adabu tuingie tukatafute.

Mimi nimeandika mstari wa kwanza. Nimeliandika jina la babu jinsi lilivyo kwenye kipande, na herufi zake mbili zilizopishana, kwa sababu ndivyo litakavyopatikana kwenye majalada. Pembeni yake nimeandika jina alilopewa na mama yake. Kalamu iko juu ya meza.